Rufaa ya Mama Ema

Barua ya uhamisho iliingia nyumbani siku ya Jumanne, ndani ya mfuko wa koti la Methusela, na Tabea aliijua kabla haijatolewa, kwa sababu mumewe alikunywa chai iliyopoa bila kusema neno. Mwanamume aliyelalamikia chai kwa miaka thelathini akinyamaza ghafla, mkewe ana haki ya kuuliza kulikoni.

"Kuna nini bomani, baba Ema?"

"Kuna kazi."

"Kazi ipo kila siku. Leo kuna nini?"

Methusela akaitoa barua, akaiweka mezani, akainyoosha kwa kiganja. Alikuwa karani wa pili wa boma la Njombe, mtu mrefu, mpole, mwenye sweta la kijivu na mwandiko uliosifiwa na kila Bwana Shauri, mkuu wa wilaya, aliyepita pale. Wa pili, si wa kwanza. Kwa miaka tisa makarani wakuu walikuja na kuondoka, wengine vijana ambao angeweza kuwazaa, na yeye akabaki kwenye meza ile ile karibu na dirisha lenye kioo kilichovunjika.

"Wamenihamisha," akasema. "Kuanzia Septemba mosi. Manda."

Laiti angesema Songea au Mbeya, Tabea angelia kidogo kama wake wa makarani wanavyolia, kisha angeanza kufunga vyombo. Lakini alisema Manda. Manda kuna ziwa, kuna joto, kuna homa inayowaua watu wa milimani kabla hawajafungua mizigo. Na kuna Avelina.

Tabea hakuwahi kumwona Avelina hata kwa mbali. Alilijua jina tu, lililoandikwa kwa penseli kwenye kipande cha karatasi kinachofungwa juu ya kikapu cha usipa, vile visamaki vikavu vya ziwani. Kikapu hicho kilipanda mlima na wachuuzi kila mwaka Krismasi ikikaribia. Kilianza kuja mwaka wa arobaini na nane, Methusela alipokuwa amerudi kutoka Manda baada ya kukaa huko miaka miwili peke yake, Tabea akiwa amebaki Njombe na watoto. "Ni mjane wa mpiga kasia wa serikali," Methusela alieleza mara moja. "Nilimsaidia shauri la kodi ya marehemu." Basi ni wema. Lakini wema gani huo unaoshukuriwa miaka tisa mfululizo, tena kwa kitoweo? Tabea hakuwahi kuonja hata kichwa kimoja. Aliwamwagia kuku, na mayai ya mwaka mpya yalipotoa harufu ya samaki, nayo hakuyala.

"Utakwenda?" akauliza.

"Amri ni amri," Methusela akajibu, na sauti yake haikuwa na huzuni ya kutosha.

*

Bomani kote walimwonea huruma. Mzee wa watu, walisema, anatupwa ziwani kama ganda la ndizi, karibu na kustaafu. Lukas, kijana aliyetajwa kushika meza yake, alikuja kutoa pole akiwa ameshika kofia kwa mikono miwili. Kesho yake akaja mkewe, Dorika, na uzi.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Uzi wa nini huo?"

Dorika akaona haya, lakini haya haikumzuia kunyoosha uzi kwenye dirisha la sebule na kufunga fundo. "Lukas amesema nyumba tutapewa sisi. Nikasema nipime mapema, maana kitambaa cha mapazia pale dukani kwa Mhindi kinakwisha haraka."

Nyumba ile ilikuwa ya serikali, vyumba vitatu, bati juu, sakafu ya saruji ambayo Tabea aliisugua kwa magoti yake tangu Ema, binti yao wa kwanza, akiwa mtoto wa kubebwa. Akamtazama yule msichana mwenye kiuno chembamba akipima dirisha la pili, na wivu ukampanda kifuani, akashindwa kujua ni wa nyumba, wa kiuno, au wa ile raha ya kuwa na mume ambaye hana ziwa nyuma yake.

"Pima na jikoni," akasema. "Ukitaka pima na mimi."

"Mama, usinichukie." Dorika akakunja uzi. "Lukas mwenyewe anasikitika. Anasema mtumishi aliyebakiza chini ya miaka miwili kustaafu hahamishwi bila ridhaa yake, waraka upo. Tatizo ni kwamba kwenye faili mzee ana miaka hamsini tu."

"Hamsini?"

"Ndivyo ilivyoandikwa. Amezaliwa mwaka wa elfu moja mia tisa na saba."

Tabea akacheka kicheko kikavu. Mumewe hakuwa na miaka hamsini hata akiwa amelala. Alimpa Dorika viazi vya kwenda navyo, akamsindikiza hadi kwenye ua, na aliporudi ndani moyo wake ulikuwa umepata kazi ya kufanya.

Aliikuta sababu nyingine siku ya tatu, alipofungua sanduku la mumewe kutafuta soksi za kushona. Chini ya soksi kulikuwa na chandarua kipya, cheupe, bado kina mikunjo ya dukani. Njombe hakuna mbu. Baridi ya Agosti inaunguza hata majani ya viazi, mbu angeishi wapi? Akakikunjua juu ya kitanda chao, na chandarua kikafika pande zote mbili na kuning'inia hadi chini. Kilikuwa cha watu wawili.

Akakaa kitako kando yake. Alimwona waziwazi yule mwanamke asiyemjua, mnene, mweusi wa kung'aa kwa mafuta ya samaki, akipitisha mguu chini ya chandarua kile. Akakikunja upya, mkunjo juu ya mkunjo, akakirudisha chini ya soksi. Uani, Methusela alikuwa anapaka viatu rangi huku akipiga mluzi wa wimbo wa kanisani. Mtu anayeonewa hapigi mluzi, Tabea akajiambia.

*

"Wewe una miaka mingapi?" akamuuliza jioni ile, akimwekea ugali na njegere.

"Kwa hesabu ya nani?"

"Ya Mungu."

Methusela akaacha kula. "Mzungu alipotaka cheti siku ya kuniajiri, nilikuwa na cheti cha ubatizo tu. Tulibatizwa nyumba nzima mwaka wa saba, mama yangu, mimi na dada zangu. Karani akaunakili mwaka ule mahali pa kuzaliwa. Niliona, nikanyamaza. Nani anamsahihisha Mzungu siku anapopewa kazi? Nusu ya makarani wa wilaya hii walizaliwa siku ya ubatizo wao, wakiwa na meno yote mdomoni."

"Basi sahihisha sasa. Sema umezeeka. Waraka upo, hawawezi kukupeleka Manda bila ridhaa yako."

"Mama Ema, umri wangu ni kama paa la nyasi. Ukivuta unyasi mmoja kumtafuta panya, mvua inaingia. Acha."

"Kwa hiyo unataka kwenda."

"Nimesema acha."

"Nimeuliza, unataka kwenda?"

Alimega tonge, akalichovya, akalitafuna polepole. "Kazi ni kazi," akasema mwishowe, na Tabea akaondoa bakuli la njegere kabla hajashiba.

Alichokuwa akimwambia kilikuwa cha kweli na kilikuwa wazi, na mwanamke mwenye akili ya Tabea angekielewa mara moja kama kingesemwa na mtu mwingine. Lakini wivu una masikio yake mwenyewe. Tabea alisikia neno moja tu katika yote yale, nalo ni Manda, ambalo Methusela hakulitamka.

*

Alipanda basi la Relwe, lile la shirika la reli, kwenda Makambako siku ya Jumatano, baada ya kuuza mbuzi wake jike. Aliaga kwamba anakwenda kumjulia hali Mzee Hezekia, rafiki wa mumewe tangu utoto, na huo haukuwa uongo. Watu weusi walikaa nyuma pamoja na vifurushi, na kwa mwendo wote kuku wa mtu fulani alimdonoa kisigino.

Makambako haikuwa mji. Ilikuwa njia panda yenye maduka machache, upepo usiochoka, na kituo cha mabasi ambapo watu walingoja kwenda kwingine. Kando ya kituo, barazani kwa fundi cherehani, aliketi Linus na taipureta yake. Alikuwa karani wa baraza zamani, Mkatoliki mwenye rozari mfukoni na miwani iliyofungwa kwa waya, na watu wa Njombe hadi Malangali walimjua kwa kuandika rufaa. Ilisemekana alishawahi kumrudishia mtu ng'ombe waliokwisha kuliwa.

Alimsikiliza Tabea, akakubali shilingi zake, akasema, "Mkuu wa Jimbo kule Mbeya anasikiliza ikiwa kuna shahidi wa kiapo. Nani anajua mumeo alizaliwa lini?"

"Mzee Hezekia. Walichunga pamoja."

Hezekia alikuwa mzee wa kanisa la Kilutheri, mwenye miaka sitini na kitu, mgongo wima. Walimpata akipalilia bustani yake ya kabichi nyuma ya kanisa.

"Kamwene, baba," Tabea akamsalimu.

"Kamwene, mwanangu. Methusela hajambo?"

"Wanataka kumpeleka ziwani. Nimekuja useme ulivyomjua alipokuwa mdogo."

Mzee akanawa mikono kwanza. Kisha barazani, mbele ya hakimu, akaweka kiganja juu ya Biblia, na akasimulia bila haraka. Mwaka ule Wangoni walipokuja kuishambulia misheni, watoto walifichwa bondeni na mbuzi. Methusela alikuwa miongoni mwa wachungaji. Alikuwa amekwisha kung'oka meno ya mbele, na alizoea kuwaita mbuzi kwa kupiga mluzi kupitia pengo lile. Wakubwa walimziba mdomo asisikike. "Mimi ndiye niliyemziba," Hezekia akasema. "Kwa mkono huu. Aliniuma na magego."

Hakimu akacheka. Linus hakucheka. Alimvuta Tabea nje, kwenye upepo.

"Mama, vita ile ya Majimaji ilikuwa mwaka wa tano. Mtoto anang'oka meno akiwa na miaka sita, saba. Mumeo leo ana hamsini na nane, hamsini na tisa. Sisi tunatafuta hamsini na tatu, hamsini na nne. Umri wa kustaafu ni hamsini na tano. Huu wa mzee unavuka mto unakwenda ng'ambo."

"Si waraka unasema akiwa mzee hahamishwi?"

"Akiwa mzee kiasi. Ngoja nizungumze naye."

Wakarudi. Linus akauliza kwa sauti ya asali, "Mzee wangu, haiwezekani kwamba siku ile alikuwa amebebwa mgongoni? Mtoto wa kubebwa pia anaweza kuwa bondeni."

"Aliyebebwa alikuwa dada yake," Hezekia akajibu.

"Miaka mingi imepita, mzee."

"Biblia niliyoishika haijapita."

Hapo Linus akamshauri Tabea amwache Hezekia na kutafuta shahidi mwingine, mtu mwenye kumbukumbu laini zaidi. Ingechukua wiki mbili, pengine tatu. Tabea akasema atafikiri, akavuka barabara hadi kituoni kununua maandazi, maana hakuwa ametia kitu mdomoni tangu alfajiri.

Wachuuzi wa usipa walikuwa wamekaa chini kwa mstari, vikapu mbele yao. Harufu ile ilimfikia kabla ya watu wenyewe. Akainama mbele ya mmoja, mama wa makamo mwenye mtoto mgongoni.

"Mnatoka wapi?"

"Manda, mama. Chukua, wa juzi hawa."

"Manda kuna mwanamke anaitwa Avelina?"

"Avelina wa mpiga kasia? Yupo." Yule mama akafurahi kusikia jina la kwao. "Tumemwacha anapaka chokaa nyumba ya karani. Nyumba imekaa na popo miaka miwili, yeye kaifagia, kaipaka nje na ndani. Anasema karani wake mzee anarudi."

Karani wake! Tabea alisimama pale, kanga ikipigwa na upepo, na wauza maandazi wakamwita mara tatu bila yeye kuwasikia. Kisha akavuka tena barabara.

"Andika hivyo hivyo," akamwambia Linus.

"Na pengo?"

"Na pengo, na mluzi, na mbuzi. Andika yote alivyoapa."

"Mama Ema, nimeandika rufaa miaka kumi na mitano. Kisu hiki kina makali huku na huku."

"Nimekulipa uandike au unihubirie?"

Linus akatia karatasi kwenye mashine.

*

Methusela aliisoma rufaa akiwa amesimama mlangoni, ambako mwanga ulikuwa mzuri. Aliisoma yote, kisha akarudi kwenye kiapo cha Hezekia, na hapo akatabasamu kidogo kwa sababu ya magego.

"Hezekia amesema kweli," akasema.

"Basi tia sahihi."

"Unajua karatasi hii inasema nini?"

"Inasema hutaki kwenda Manda. Kama hutaki, tia sahihi. Kama unataka, niambie hapa hapa nikiwa nimesimama, nikusikie. Kuna mtu anakupakia nyumba chokaa, si unajua?"

"Najua."

Hakukana! Tabea alikuwa amejiandaa kwa uongo, si kwa ukweli ule mfupi. Akamsogezea kalamu. "Tia sahihi," akasema tena, na safari hii sauti yake ilivunjika, akamchukia Methusela kwa kuisikia.

Mumewe alimtazama. Akatazama mikono ya mkewe iliyopasuka kwa sabuni na baridi, akatazama sakafu aliyoisugua, akatazama sanduku lake pembeni. Kulikuwa na jambo alilotaka kusema, na alifungua kinywa.

"Usiniambie!" Tabea akasema. "Nikisikia jina lake nyumbani humu nitapiga yowe boma zima lisikie."

Methusela akafunga kinywa. Akaketi, akachovya kalamu, akaandika jina lake kwa ule mwandiko uliosifiwa, kila herufi imesimama mahali pake. Akakausha wino kwa karatasi yake ya kazini.

"Umeridhika?"

"Nimeridhika," akajibu Tabea, na hakudanganya. Siku ile yeye ndiye aliyeimba akiosha vyombo.

*

Uhamisho ulisimamishwa kungoja uamuzi. Septemba ikapita, Oktoba ikaingia, na Tabea akatembea kanisani na kisimani kama mtu aliyeshinda vita kabla haijapiganwa. Alimwambia kila aliyemuuliza, na wengine ambao hawakumuuliza, kwamba sheria ni ya wote na hata mke wa karani wa pili anaweza kumfikishia Mkuu wa Jimbo malalamiko. Dorika alipopita alimsalimu kwa upole mwingi: "Vitambaa vyako usivikate kwanza, mwanangu."

Majibu yalikuja siku ya Ijumaa. Bwana Shauri alimwita Methusela ofisini, na Tabea, aliyepata habari kwa tarishi, akaja akaketi kwenye benchi la nje pamoja na watu wa kesi na wenye kungoja leseni za bunduki. Alikaa pale hadi kivuli cha bendera kikahama kutoka ngazini hadi kwenye maua. Mumewe alipotoka alimpita kwanza, kisha akarudi, akaketi kando yake kwenye benchi lile lile, jambo ambalo hakuwahi kulifanya akiwa kazini.

"Nisomee," Tabea akasema.

Barua ilikuwa ya Kiingereza. Aliitafsiri polepole, kama alivyowatafsiria watu wengine maisha yake yote. "Mkuu wa Jimbo ameridhika na kiapo cha shahidi. Amekubali kwamba mtumishi alizaliwa kabla ya mwaka wa elfu moja mia tisa. Rufaa imekubaliwa. Uhamisho wa Manda umefutwa."

"Nilikwambia!" Tabea akapiga kofi, na watu wa leseni wakageuka. "Nilikwambia, baba Ema!"

"Haijaisha." Alisogeza kidole mstari wa chini. "Kwa kuwa mtumishi amekwisha kupita umri wa kustaafu kwa miaka isiyopungua mitatu, anastaafishwa kuanzia mwisho wa mwezi huu. Nyumba ya serikali airudishe kabla ya siku hiyo. Mkuu wa Jimbo anamshukuru kwa utumishi mwema."

Mtu mmoja aliyekuwa benchini, aliyekuja kwa shauri la mpaka wa shamba, alinyoosha mkono na kumpa Methusela pole. Mwingine alimpa hongera. Methusela akapokea zote mbili, akaikunja barua mara nne.

"Utarudi lini ndani?" Tabea akauliza, kwa kuwa hakujua aulize nini.

"Nimekwisha toka," akasema.

*

Siku ya kuhama walikopeshwa mkokoteni wa ng'ombe wa misheni. Shamba lao lilikuwa mwendo wa saa mbili kutoka bomani, na nyumba ya huko ilikuwa ya udongo na nyasi, ilikaliwa na mbuzi wa shemeji tangu mvua za mwaka juzi. Dorika alisimama uani na mapazia yake mkononi, akiona aibu ya kuingia na hamu ya kuingia.

Lukas alikuja akihema, akiwa na bahasha.

"Mama, hizi ni karatasi za mzee zilizobaki mezani. Ofisi haizihitaji tena. Mzee yuko wapi?"

"Amekwenda mbele na ng'ombe. Nipe."

Lukas akasita. "Nisamehe, mama, lakini sisi tulisikitika sana. Si kwa ajili ya nyumba. Kule Manda angekuwa karani mkuu, ofisi yake mwenyewe, na daraja lingepanda kabla ya kustaafu. Alikuwa ameandika mwenyewe kukubali. Alituomba tusikwambie mpaka kila kitu kiwe tayari. Alisema, 'Mama anaogopa homa. Nikimwambia mapema atakonda. Kwanza nyumba isafishwe, chandarua kipatikane, ndipo nimwambie.'"

"Nani amwambie nani?" Tabea akauliza kama mjinga.

Lukas hakuelewa swali. Akamkabidhi bahasha, akaenda kumsaidia mkewe.

Juu kabisa kulikuwa na waranti ya usafiri, hati ya serikali ya kulipia safari, yenye mhuri wa boma na mstari mwekundu wa kufutwa. Tabea alisoma Kiswahili cha misheni, na Kiingereza kidogo cha vibandiko vya dukani, lakini majina ya watu hayahitaji lugha. *Methusela.* Chini yake, kwa mwandiko uliosifiwa: *Tabea, mke.* Njombe hadi Manda. Abiria wawili. Na tarehe: kumi na mbili Agosti. Alihesabu kwa vidole, akahesabu tena. Ilikuwa Jumatatu. Jumatano ya wiki ile ile alikuwa amemuuza mbuzi wake akapanda basi la Makambako.

Dorika alitoka ndani kuuliza kama msumari wa saa ya ukutani wauache au wauchukue. Tabea akasema wauache.

*

Kikapu kilikuja Desemba kama kawaida. Mchuuzi aliulizia hadi akawapata shambani, na karatasi ilikuwa ile ile ya penseli, isipokuwa mwaka huu ilikuwa na maneno zaidi: *Nyumba ilikuwa tayari. Poleni. Mama nilitaka kumwona.*

Tabea aliisoma akiwa amesimama jikoni penye moshi. Akaisoma tena. Kisha akaingia chumbani, akafungua sanduku la mumewe, akatoa chandarua. Alipanda juu ya kigoda akakifunga kwenye boriti kwa kamba za katani, kona hii, kona ile. Jirani yake, Telesia, aliyekuja kuomba moto, alichungulia mlangoni akaangua kicheko.

"Mama Ema! Mbu wa Njombe umewaona wapi?"

"Nawangoja," Tabea akasema.

Aliwapika usipa kwa nyanya na kitunguu. Alionja mmoja kwenye kijiko, wa kwanza katika miaka tisa, akitumaini atakuwa mchungu. Alikuwa mtamu sana, na hilo lilimuuma kuliko barua ya Mbeya.

Methusela alirudi kutoka kwenye viazi na matope hadi magotini. Aliona chandarua kupitia mlango wa chumba, akakwenda akakitazama. "Kona hii umeifunga chini," akasema, akaifungua, akaifunga juu zaidi. Mikono yake ya kalamu ilikuwa imeanza kuota sugu za jembe.

"Kwa nini hukuniambia?" Tabea akauliza nyuma yake.

"Ungeniamini?"

Alitaka kusema ndiyo. Alikuwa mke wa kanisani, na mume alistahili kusikia ndiyo. Lakini Hezekia alikuwa ameapa kweli ikawagharimu nyumba, basi naye hakuona sababu ya kuanza kudanganya sasa.

"Hapana," akasema.

Methusela akatikisa kichwa, akaja kuketi. Akala usipa bila kulalamika na bila kusifu, hadi bakuli likafika nusu. Tabea alimtazama kila alipopeleka mkono mdomoni. Alijizuia, akajizuia, akashindwa.

"Yeye aliwapika hivi?"

Methusela akafikiri, kwa haki, kama mtu aliyeulizwa barazani. "Yeye hukamulia ndimu."

Jumamosi Tabea alikwenda soko la Njombe kwa miguu, saa mbili kwenda, saa mbili kurudi, kutafuta ndimu. Milimani hazioti. Alizikuta mwisho wa soko kwa mchuuzi mmoja tu, fungu dogo juu ya gunia. Akaichukua moja, akainusa kwa muda mrefu.

"Zinatoka wapi hizi?" akauliza, ingawa alijua.

"Manda, mama. Unapafahamu?"

"Nilikuwa na waranti," Tabea akasema, na akaomba apewe mbili.